Sisimizi katika Redio ya Tata

Kosa langu la kwanza lilikuwa maharagwe. Nilijiaminisha kwamba tumbo langu limekuwa vivu kwa kukosa kazi, basi nikaamua kulipatia kazi. Mchana nikala maharagwe, jioni nikala sombe, yale majani ya muhogo, na vikonyo vyake, nikamalizia na mapera, mbegu na maganda yote, kisha nikalala chali kama mtu aliyetimiza wajibu wake. Asubuhi yake maharagwe yalirudi. Hayakurudi kama matapishi ya kawaida. Yalirudi mazima, kila moja na koti lake, na ningeweza kuyatambua mbele ya hakimu.

Mama yangu, aliyekuwa anafagia uani, aliyatazama.

"Unayarudisha ku soko?" akauliza.

Nieleze nilivyofika hapo. Ugonjwa wa kutapika na kuhara ulikuwa umepita katika kambi yetu ya wafanyakazi wa mgodi, hapa Kolwezi, Katanga. Ulimpata karibu kila mtu, na kila mtu akapona, akafua mashuka yake, akaendelea na maisha. Wangu nao uliondoka, lakini uliliacha tumbo limelala. Nilikuwa nikila matonge machache ya bukari, ugali wetu, najisikia kama mtu aliyetoka harusini. Tumbo linajaa upepo. Asubuhi nikicheua, nasikia ladha ya chakula cha jana mchana. Kichefuchefu kilikuwa kama mpangaji asiyetaka kuhama. Nilikonda mpaka suruali nikawa nazifunga kwa waya, maana waya ndio nilikuwa nao kwa wingi: nilikuwa natengeneza redio.

Kazi hiyo hakuna aliyenifundisha. Shule ilipofungwa kwa sababu walimu hawalipwi, nilichukua redio mbovu ya baba nikaifungua, nikaifunga, nikaifungua tena mpaka ikasema. Mpaka leo nikiunga waya siridhiki. Nitaubandua niuunge upya hata kama unafanya kazi, kwa sababu ung'avu wa risasi niliyouungia haunipendezi. Mtu wa namna hiyo akipatwa na ugonjwa haulizi. Ananunua kitabu.

Nilinunua sokoni kamusi ya utabibu ya Kifaransa. Ilikuwa imekatika katikati: ilianza na A, ikaishia E, na nusu nyingine wauzaji walikwisha kuifungia karanga. Kwa hiyo ugonjwa wangu, vyovyote ulivyokuwa, ulilazimika kuanza na herufi mojawapo kati ya hizo. Nikasoma, nikalinganisha, nikachagua constipation, yaani kufunga choo. Kitabu kilishauri vyakula vyenye nyuzinyuzi. Ndipo yakaja maharagwe, na sombe, na mapera. Kila nilipozidi kuumwa nilijilaumu kwamba sikula ya kutosha, nikaongeza.

Sikumwambia mtu. Kutengeneza redio za kambi nzima halafu kushindwa na tumbo lako mwenyewe niliona ni aibu.

Sasa, nyumba yetu ilishikana ukuta na nyumba ya familia moja yenye asili ya Kasai, mkoa wa jirani. Babu yao aliletwa zamani kufanya kazi ya mgodi. Mwenye nyumba, ambaye mimi nilimwita tata, yaani baba, alizaliwa Kolwezi, akawa karani katika ghala la kampuni, na Kasai kwenyewe alikuwa hajaiona ila kwenye ramani. Mke wake nilimwita mama, na nilipotaka kumtofautisha na mama aliyenizaa nilisema mama wa ukutani. Walikuwa na binti wa rika langu ambaye kazi yake kubwa, nje ya kusaidia nyumbani, ilikuwa kunicheka.

Mama wa ukutani na mama yangu walikuwa na desturi ya sahani. Sahani iliyofunikwa ilitoka kwao na kitu ndani, ikarudi na kitu kutoka kwetu, na hakuna aliyejua tena ile sahani ilikuwa ya nani. Jumapili mimi nilikula kwao. Wao walikuwa Wakatoliki na misa yao iliisha mapema. Sisi, Waprotestanti kutoka kaskazini ya Katanga, tulisali mpaka jua linakuwa kali. Nikiingia mlangoni mama wa ukutani alikuwa akiniambia, "Mungu yenu hasikie muzuri, njo maana munamuambia mara mingi." Nikacheka, nikanawa, nikala.

Halafu mambo yakaharibika. Mgodi ulianza kudondoka vipande vipande. Mashine zikakaa, mishahara ikachelewa, na posho ya unga ambayo kampuni iliwapa wafanyakazi ikawa haba, kisha ikawa hadithi. Njaa ilipoingia, redio ilileta maelezo: kosa ni la watu wa Kasai, warudi kwao. Kila mtu alitaka kusikia, kwa hiyo kila mtu aliniletea redio yake. Kazi yangu haijawahi kuwa nyingi kama wakati ule, na sijawahi kuipenda kidogo kama wakati ule. Vijana walianza kupita mitaani wakiwaambia watu wahame nyumba. Na jambo dogo likatokea ambalo magazeti hayakuliandika: watu waliacha kula kwa wenzao. Ilisemwa kwamba Wakasai watatia sumu, na Wakasai nao walisikia hilohilo kuhusu sisi. Sahani zilizofunikwa zikabaki kwenye makabati.

Ila sahani yetu haikubaki. Iliendelea kuvuka. Nami niliendelea kwenda Jumapili.

Jumapili moja tata aliniomba niangalie redio yake kwanza, halafu tule. Niliifungua kwenye meza ileile, nikaunga waya uliokatika, nikaubandua, nikauunga tena. Mama wa ukutani akaleta bukari, samaki wa ziwa la Nzilo, na sombe iliyoogelea katika mawese. Sijui aliupata wapi ule unga siku zile. Alinawisha kila mtu, tukaanza. Baada ya tonge la pili tumbo langu likasema basi.

"Weye fundi," binti akasema, "unakula ao unapima?"

"Ninakula."

"Kifaranga cha jirani kinakuzidi."

"Mumuache," mama wa ukutani akasema. "Kula, mutoto yangu. Ama chakula yangu imekuwa mubaya?"

"Hapana, mama. Iko muzuri sana."

"Basi ikufikie ku mifupa, tuone utaacha kufunga suruali na waya."

Akanikatia tonge kubwa la bukari, akaliweka mbele yangu, akaenda jikoni kuongeza sombe. Binti alimfuata. Tata alikuwa amegeuka kumwita mtu dirishani. Nililitazama lile tonge. Nilijua nikilimeza litarudi palepale mezani. Sikupanga kitu. Mkono ulipanga. Nililisukuma ndani ya redio iliyokuwa wazi karibu na sahani yangu, nikafunga kifuniko cha nyuma, nikakaza skrubu. Mama aliporudi alikuta nafasi tupu mbele yangu, akafurahi kabisa. Nia yangu ilikuwa kuichukua ile redio nyumbani kwa kisingizio na kulitoa. Lakini tata alikwishainyanyua. Akaiwasha, ikasema vizuri bila kukwaruza, na tonge ndani yake. Nilijivunia kazi yangu na kuionea aibu kwa wakati mmoja.

Siku chache baadaye binti yao alisimama mlangoni kwetu ameishika redio mbele yake kwa mikono miwili, kama sahani.

"Fundi, redio ya tata iko na bageni."

Sisimizi walikuwa wanatoka kwenye matundu ya spika, wamepanga mstari. Alifungua kifuniko cha nyuma, ambacho mtu alikwisha kukilegeza. Lile tonge lilikuwepo, limekauka, na alama za vidole vya mama yake bado zimebaki juu yake.

Hakucheka. Hilo ndilo lililonitisha.

"Juu ya nini ulifanya vile?" akauliza.

Ningeweza kumwambia. Maneno yalikuwa mafupi: ninaumwa, chakula hakishuki. Badala yake nikasema, "Sijui."

"Banasema Bakatanga banaogopa chakula yetu. Banasema tutabalisha sumu. Mama alikatala kuamini. Kila mutu akisema, mama anajibu: bote, lakini ule wa ukutani hapana." Akaweka redio mezani kwangu. "Tata anasema ubakie nayo."

Sahani haikuvuka tena. Baada ya muda si mrefu niliona vitanda vyao vimetolewa uani, na kabati, na cherehani. Vijana walikuwa wamewapa neno la mwisho. Baba yangu alitoka kumsaidia tata kubeba, na tata alimkubalia, lakini mimi niliposhika mguu wa kabati mama wa ukutani alisema kwa upole, "Acha, utachoka." Wakaenda kituo cha treni kungoja pamoja na maelfu ya wenzao.

Mama yangu alinikuta uani natapika kwenye ndoo.

"Mi nilizania ni mapenzi," akasema. "Nikasema mutoto anakonda juu ya ule binti. Lakini mapenzi hayatapike sombe. Leo unaenda ku lupitalo, ao ninakubeba ku mugongo, bantu bote baone."

Tulienda. Daktari alikuwa mtu mwembamba, mwenye macho ya mtu asiyelala. Aliuliza nilikula nini, lini, na nini kilirudi. Nilijibu kwa ukamilifu kiasi kwamba alinyanyua mkono kunizuia. Akanilaza, akashika kiuno changu pande zote mbili, akanitikisa. Ndani yangu maji yalichapa kama dumu lililojaa nusu. Mama yangu alirudi nyuma.

"Umekula leo?" daktari akauliza.

"Hapana, tangu jana."

"Basi hayo ninayoyasikia ni ya jana."

Alinipima mkojo kuona kama nina kisukari, kwa sababu alisema kisukari cha muda mrefu huharibu neva za tumbo. Sikuwa nacho. Kisha nikanywa uji mweupe kama chokaa, wenye ladha ya chokaa pia, nikasimama mbele ya mashine ya picha. Filamu zilikuwa zimekwisha, kwa hiyo aliangalia moja kwa moja kwenye kioo chake. Alitafuta kama kuna kitu kimeziba njia. Hakikuwepo. Njia ilikuwa wazi, ila ule weupe ulikaa tumboni kama mtu aliyeambiwa asubiri. Alinirudisha tena baadaye, na sehemu kubwa ilikuwa bado inasubiri.

"Gastroparésie," akasema. Inaanza na G. Karanga za mtu fulani zilikuwa zimefungwa ndani yake.

Alinieleza kwamba tumbo ni msuli. Linasaga chakula na kukisukuma kidogo kidogo kwenye utumbo, na neva ndizo zinazoliamuru. Wakati mwingine ugonjwa kama ule uliopita kambini huziacha neva hizo zimelegea. Kwa wengi waliopata hivyo hurudi taratibu, baada ya miezi, pengine zaidi ya mwaka, na wengine hawarudi kabisa kama zamani. Nikamweleza kuhusu maharagwe. Alifumba macho.

"Yaani mlango ulikuwa mwembamba," akasema, "ukaamua kupitisha kitanda."

Nyuzinyuzi na mafuta ndivyo vinavyochelewesha zaidi, alisema. Maganda na vikonyo vinaweza hata kujisokota ndani ya tumbo vikawa donge. Nile kidogo, mara nyingi. Nitafune mpaka kisibaki kitu cha kutafuna. Vitu laini, uji, samaki asiye na mafuta, viazi vilivyopondwa. Siku mbaya ninywe chakula badala ya kukila, maana majimaji hupita hata tumbo likisinzia. Nisilale baada ya kula. Nikae wima au nitembee. Alinipa vidonge vichache vya kuamsha tumbo, akanionya nisivizidishe, kwani vikitumiwa vibaya hufanya uso na mikono kujipinda bila kutaka. Na nikishindwa kuweka hata maji, au nikitapika damu, nirudi mbio.

"Na waambie watu unaokula nao," akamalizia. "Ugonjwa huu unaonekana kama madharau."

Nilitoka pale nikiwa na hofu moja tu. Tumbo sikuliogopa tena, lilikwisha kupata jina. Niliogopa kwamba mama wa ukutani angepanda treni akiamini kwamba katika Kolwezi nzima hakukosea ila kwangu.

Nikaisafisha redio. Niliwatoa sisimizi kwa brashi, nikafuta kila waya, na nilipojikuta nauunga upya ule ulio mzima nikajikemea, nikaondoka.

Kituoni palikuwa na mji mwingine. Makabati yalikuwa kuta, mikeka ilikuwa vyumba, turubai zilikuwa mapaa. Maji yalikuwa shida na watoto walikuwa wanaumwa, na wapo waliozikwa hapo bila kuiona treni. Hilo silifanyii mzaha. Niliwapata wenyewe karibu na reli. Tata alikuwa amekaa juu ya cherehani. Mama wa ukutani alikuwa anakoroga sufuria ndogo. Hakuna aliyeniambia karibu.

Niliweka redio chini, nikaanza. Nilikuwa nimepanga maneno njiani, kwa mpangilio, kutoka kuhara mpaka chokaa. Yote yalichanganyika. Nikajisikia naongea kama mtu anayedanganya: chokaa, neva, kamusi, maharagwe. Nilipomaliza, mwiko ulikuwa umesimama ndani ya sufuria.

"Munganga alijua namna gani?" mama wa ukutani akauliza.

"Alinitikisa."

Akamtazama binti yake. "Mutikise."

Binti alinikamata kiunoni bila huruma na kunitikisa kama mti wa mapera. Nilikuwa nimekunywa munkoyo nyumbani kabla ya kutoka, kile kinywaji chetu cha mahindi na mizizi. Ukachapa. Binti akainama, akaweka sikio, akanitikisa tena.

"Tata, kuya usikie!"

Tata alishuka kwenye cherehani, akasikiliza kwa makini ya karani.

"Anakamata mawimbi mafupi," akasema.

Ndipo binti akacheka, kile kicheko chake cha zamani, na majirani wa makabati mengine wakageuka kuangalia. Mama wa ukutani hakucheka bado.

"Na juu ya nini haukusema?"

"Nilikuwa na haya, mama."

"Haya?" Akaonyesha kwa mwiko. "Angalia magodoro yetu iko inje, kila mutu anaona pale batoto balikojolea. Chupi ya tata ile inaanikwa ku waya ya reli. Nani iko na haya hapa? Weye na tumbo yako tu?"

Tata akaitazama chupi yake.

Alinimiminia uji kwenye kikombe cha bati. Nilimwambia nitachukua muda mrefu. Akasema muda ndio kitu pekee walichobaki nacho. Nikakaa wima juu ya sanduku nikanywa kidogo kidogo, nikipumzika, huku binti akihesabu mafunda kwa sauti kama mtangazaji wa mpira. Kila mtu pale aliilaani treni kwa kuchelewa. Mimi peke yangu niliiomba ichelewe, mpaka nifike chini ya kikombe.

"Weye na ile treni," tata akasema, "munagonjwa bugonjwa moja. Bintu bilishaingia, habitoke."

Nilimaliza. Nilikuwa bado nimeshika kikombe kitupu na watu waliosikia habari yangu walikuwa wananiangalia kuona kama kitu kitarudi. Hakikurudi. Binti akanitembeza kando ya reli kwenda na kurudi, kama daktari alivyoagiza, akinishika mkono kwa heshima ya kejeli kama anatembeza mzee. Tuliporudi, mama wa ukutani alikuwa amekijaza kile kikombe unga wake mchache, amekifunika kwa kitambaa.

"Mupatie mama yako," akasema. "Mwambie sahani iko mu kabati chini ya mizigo, sikuweza kuitosha."

Waliondoka wakati sipo. Nilipofika na kikombe kimejaa karanga zilizosagwa za mama yangu, pale karibu na reli palikuwa na familia nyingine. Salamu iliyonifikia tangu hapo ni moja, kwa mdomo wa mfanyabiashara: wako hai, redio inasema, na fundi atafune.

Kilichobadilika ni hiki. Nakula kidogo mara nyingi, nakaa wima, natembea baadaye. Tumbo limeamka kwa sehemu, si lote. Waya umerudi kwenye redio, suruali zina mkanda. Na nikikaribishwa kwa mtu, kabla maji ya kunawa hayajafika, nasema mwenyewe: tumbo langu ni la polepole, nipe kidogo, si kwa sababu ya chakula chako. Maharagwe sili.